Bubu wa Matrah

Siku mama yangu aliponirudishia zile karatasi, sababu aliyoitoa ilikuwa mkono wa kushoto.

"Miye nnakula kwa mkono wa shoto?" aliniuliza. "Mkono wa chooni? Mtu kaja kwangu, kala wali wangu, kisha kenda kunichora hivi?"

Akaziweka karatasi juu ya meza, akaingia chumbani kwake, akafunga mlango. Nikabaki sebuleni peke yangu, nyumbani kwetu Mabela, hapa Omani, saa nne ya asubuhi, sijui nikae au nisimame. Kosa halikuwa la mchoraji. Lilikuwa langu, mia kwa mia. Na zaidi ya hilo, nilijua mama ameishia ukurasa wa tatu, wakati kitu nilichokuwa nakiogopa kimo ukurasa wa tano.

Nianze palipo na mwanzo.

Nilifanya kazi ya tafsiri serikalini kwa miaka mingi mpaka nikastaafu mapema. Wiki mbili za kukaa nyumbani zilinitosha. Mimi ni mtu wa kiherehere, sikatai, na mtu wa kiherehere asipokuwa na shughuli huanza kupanga upya makabati ya watu. Mama mwenyewe ndiye aliyenisihi nitafute cha kufanya. Basi nikaanza kufundisha Kiarabu wageni wa mtaa wa Madinat Sultan Qabus, wengi wao wake wa wahandisi, na mmoja wao alikuwa mama wa Kijapani aliyepita hamsini kidogo, mwembamba, mwenye bandeji ya rangi ya ngozi kwenye kifundo cha mkono wa kulia. Aliniambia kwa Kiingereza cha kusitasita kwamba anataka maneno ya kununulia samaki na ya kusalimiana na jirani, basi.

Alikuwa mwanafunzi mbovu. Nasema hivyo kwa mapenzi. Sauti ya herufi ain ilimshinda miezi mitatu mizima, mpaka nikaona namtesa. Lakini nikimwandikia herufi, yeye huichora mara moja, na yake hutoka nzuri kuliko yangu. Nilipomuuliza amejifunzia wapi kushika kalamu namna ile, akacheka akiziba mdomo. Mumewe ndiye aliyenionesha rafu ya vitabu ukumbini, ndefu kama kaunta ya jikoni kwangu, vyote vya hadithi za picha, vyote vyake.

Kule kwao mchoraji wa hadithi huitwa mwalimu. Mimi naye tukawa tunaitana mwalimu, kila mmoja anamheshimu mwenzake, na mumewe akisikia anatikisa kichwa.

Maisha yake nilikuja kuyajua vipande vipande. Alitoka kwao akiwa na miaka kumi na minane, akaenda mji mkuu kumsaidia mchoraji mzee, na kwa miaka mitatu hakuruhusiwa kuchora mtu hata mmoja. Alichora mapaa ya nyumba, nguzo za umeme na mvua.

"Mvua tu?" nikamuuliza.

"Mvua tu. Kuna mvua ya msiba, na kuna mvua ya mtu aliyekosa basi. Si mamoja."

Baadaye akapata hadithi yake mwenyewe katika gazeti la kila wiki, kurasa ishirini kila wiki, mwaka unaingia mwaka unatoka. Kuumwa hakuna, kufiwa ni siku mbili. Aliendelea hivyo mpaka kifundo cha mkono kikamgomea. Mume alipopata kazi Maskati, alikuja naye akiwa ameapa hatachora tena, na kalamu zake akazileta hivyo hivyo, zimefungwa kwenye taulo.

Nadhani jua la hapa ndilo lililomrudisha kazini. Alinionesha kazi zake za zamani, na kila mahali kulikuwa na vivuli, mistari myembamba maelfu, utadhani mtu ameshona. Hapa Maskati saa sita ya mchana hakuna kivuli cha kuchora. Kuna mlima, kuna ukuta mweupe, kuna mbingu nyeupe. Akaanza kuacha. Mlima ukawa mstari mmoja. Nyumba ikawa pembe moja na mlango. Karatasi yake ilikuwa nyeupe tupu karibu yote, na wewe unayetazama unahisi joto. Watu aliwaanza kwa mikono. Mkono kwanza, kisha miguu, na uso mwisho, na mara nyingine uso hauchori kabisa, anasema mkono umeshamaliza.

Alipoanza tena kazi, nilijikuta msaidizi wake. Kazi yangu ilikuwa kupaka weusi. Yeye anaweka alama ndogo ya penseli mahali pa kujaza wino, mimi nachovya brashi najaza. Kwa mabaibui ya Maskati, nilimaliza chupa kwa chupa.

Tulikuwa na mchezo wetu pia. Katika hadithi zao kila sauti huandikwa pembeni ya picha, hata sauti ya kitambaa kikianguka. Akinitajia ya kwao, nami natafuta ya kwetu. Bomba linalovuja ni ndo ndo ndo. Kitu kikitumbukia majini ni chubwi. Mtu akianguka ni pu. Alifurahi sana kusikia kwamba sisi nasi tuna maneno ya namna ile, akayaandika kwenye daftari. Kisha siku moja akaniambia kwao kuna neno la sauti ya ukimya, nalo huandikwa kubwa, chumba kizima kikiwa hakuna anayesema. Nikafikiri kidogo nikamwambia sisi tuna jii. Akalirudia mara mbili, taratibu, macho amefumba.

Nilimleta nyumbani siku moja ya Ijumaa ale chakula cha mchana. Mama alipika wali wa nazi na mchuzi wa papa, na akamtandikia mkeka akae chini kama watu. Mgeni akala kwa mkono wa kulia na bandeji yake, punje zinamwagika, mama anamsogezea sahani. Lugha ya pamoja hawakuwa nayo hata neno. Walikaa saa mbili wakitazamana na kutabasamu, nami nikitafsiri mpaka nikachoka nikanyamaza, na hawakuonekana kupungukiwa. Alipoondoka mama akasema, "Mtu mwema. Lakini sauti yake sijaisikia."

Basi nikawa namrudisha kwake kwa gari, tuko barabara kuu, akaniambia jambo. Alisema dukani huwa ananyoosha kidole tu na kutabasamu, kwa sababu Kiingereza chake kinamtia haya, na watu wanamchukulia kama hajakamilika. Alisema mara moja muuzaji alimuuliza kitu na yeye akashika koo lake na kutikisa kichwa, kama mgonjwa, ili asijibu. Alikuwa anacheka akisimulia, lakini macho yake yalikuwa mahali pengine. Na mimi, kwa kutaka kumpoza, nikafungua mdomo wangu.

Nikamwambia mama yangu naye alifanya hivyo hivyo.

Hii ni hadithi aliyonisimulia mama mara moja tu, tukiwa kwenye eda ya baba, wanawake wameshaondoka na sisi tumebaki wawili. Walipokuja kutoka Unguja miaka ya sabini, yeye ana miaka kumi na tisa, mumewe akapata chumba Matrah, ukuta kwa ukuta na jirani wa hapa hapa. Mama alikuwa amehitimu Kurani, anaisoma bila kusita, lakini Kiarabu cha kuulizia tungule sokoni hakuwa nacho. Siku za mwanzo alijaribu kusema neno kisimani, wanawake wakacheka. Hawakumcheka kwa ubaya, alisema, lakini walicheka. Kesho yake jirani alipomsalimia, mama akagusa midomo yake na kutikisa kichwa. Akawa bubu. Alikaa bubu mtaani miezi saba, jirani akimpitishia mkate juu ya ukuta, mpaka baba alipohamishwa kazi wakahama. "Hii ibaki hapa hapa," aliniambia siku ile, nami nikaitikia.

Miaka sita niliitunza. Mwaka wa saba nikaitoa kwenye gari, barabara kuu, kumfurahisha mgeni.

Wiki mbili baadaye mchoraji aliniita chumbani kwake, na juu ya meza kulikuwa na kurasa ishirini na nne za penseli. Nilimuona mama. Hakuwa na jina wala hakufanana naye sana usoni, lakini ile mikono ilikuwa ya mama, jinsi anavyokunja kidole cha mwisho akishika kikombe. Kuanzia ukurasa wa tano, msichana akigusa midomo yake, viputo vyake vya maneno vilikuwa vimechorwa vyote, vya duara, safi, na ndani yake hakuna kitu. Viputo vya jirani vilikuwa vimejaa vijistari vya mawimbi visivyosomeka, kwa sababu msichana hakuelewa anachoambiwa. Kurasa saba zilikwenda hivyo. Kwa kiherehere changu nilitaka nijaze angalau maneno ya jirani. Mwalimu akaniwekea mkono juu ya mkono. "Acha," akasema.

Kisha akasema kitu kilichonikosesha raha kwa siku kumi. Gazeti la kwao lilikuwa linazisubiri zile kurasa, mhariri ameziona na amezipenda, lakini yeye hatazitia wino mpaka mama yangu azisome mwenyewe na akubali. Akikataa, atazichana. Na hakuwa anatishia. Alinionesha kapu la karatasi zilizochanwa.

Mimi sikumwambia kwamba ile ilikuwa siri. Nilisema sawa.

Nilikuwa na hofu mbili. Ya kwanza, kazi nzuri kama ile ichanwe. Ya pili, iliyokuwa kubwa, ni mama kujua kwamba nilichoaminiwa nimekitoa nje. Mama hagombani. Mama akikasirika anakuwa na adabu kwako, anakukaribisha chai kama mgeni, na hilo naliogopa kuliko kelele.

Nikatafsiri maneno kwa Kiswahili, cha nyumbani, nikayaweka kwenye viputo kwa kompyuta. Hapo ndipo nilipoharibu. Hadithi zao huanza upande wa kulia, kisanduku cha kwanza juu kulia, na kitabu hufunguliwa kutoka nyuma, kwa macho ya Mzungu. Nikajiambia Kiswahili kinasomwa kutoka kushoto, mama ana miaka sabini na kitu, atachanganyikiwa. Kwenye kompyuta kuna kitufe cha kugeuza picha, ukikibonyeza kila kitu kinakwenda upande wa pili kama kwenye kioo. Nikabonyeza mara ishirini na nne, kisha nikaweka maneno. Nilijiona hodari sana. Na sikutazama mikono, mimi niliyekuwa nafundishwa kila siku kuanza na mikono.

Ndiyo maana mama alijikuta anakula wali kwa mkono wa kushoto, anatoa salamu kwa mkono wa kushoto, na ukurasa wa tatu anageuza msahafu kwa mkono wa kushoto. Hapo ndipo alipozifunga.

Nilimpigia mwalimu simu nikakiri. Akacheka kicheko ambacho sijawahi kukisikia kwake, cha wazi, bila mkono mdomoni. Alisema zamani vitabu vyao vilipopelekwa nchi za mbali viligeuzwa hivyo hivyo, na mashujaa wote wakawa wanashika upanga kwa kushoto. "Mpe zangu," akasema. "Zile zile."

Nikachapa upya, safari hii kama alivyozichora, kulia kwenda kushoto, na Kiswahili ndani yake. Siku ya pili nikagonga mlango wa mama baada ya kifungua kinywa. Nilimwambia Mjapani hana kosa, mimi ndiye niliyegeuza picha, kwa sababu nilidhani hataweza kusoma kuanzia kulia.

Mama akanigeukia.

"We mtoto," akasema, "miye nnasoma msahafu tangu nna miaka sita. Unaanzia wapi msahafu?"

Nimesoma chuo cha Kurani miaka mitano, na nimefanya kazi ya Kiarabu maisha yangu yote, halafu nikamgeuzia mama yangu karatasi ili asipate tabu ya kuanzia kulia. Akavaa miwani, akanipokonya zile kurasa, akaanza.

Nilikaa kwenye ukingo wa kitanda chake. Alisoma bila haraka, kidole kinakwenda kisanduku kwa kisanduku, hakosei hata mara moja. Ukurasa wa kwanza, wa pili. Kwenye wa tatu akaukagua mkono ulioshika msahafu, akaguna, akapita. Alipofika wa tano, kidole kikasimama juu ya kiputo kitupu.

"Hapa mbona hamna kitu?"

"Hapo ndipo uliponyamaza, mama."

Nilisubiri aniambie, Karibu chai. Yeye akaendelea, kiputo kwa kiputo, kurasa zote saba, na kila kilicho kitupu alikigusa. Vile vijistari vya jirani alivisogeza karibu na macho kama anayetaka kuvisoma. Kulikuwa jii chumba kizima. Nilijichukia kwa kweli dakika zile, nikaona mimi ni mtu wa kuuza watu.

Alipofika mwisho alivua miwani.

"Haikutimia," akasema.

"Nini mama?"

"Hadithi. Hujamwambia yote kwa sababu hata wewe sikukwambia yote." Akazipanga karatasi zikae sawa. "Yule jirani alinihurumia. Kila siku akiniletea mkate, akisema na miye kwa vidole. Kisha akaniletea kombe, aya zilizooshwa kwa maji, ninywe, nipate sauti. Nikanywa. Nnajua sina ugonjwa, na nikanywa maneno ya Mungu kwa uongo. Halafu akaweka nadhiri. Akafunga siku tatu, katika joto lile, ili Mungu anifungue ulimi. Alinionesha kwa vidole, moja, mbili, tatu, akashika tumbo. Unafikiri ningesemaje baada ya hapo? Ningefungua mdomo vipi?"

Alikuwa analia, taratibu, bila kujifuta. Mama yangu silijui chozi lake zaidi ya siku tuliyomzika baba.

Nilielewa basi kwa nini tukienda kwenye arusi au misiba ya Matrah mama hukaa karibu na mlango, na kwa nini mara mbili tatu alinishika mkono tukatoka kabla ya kula. Nilidhani hapendi makelele. Kumbe miaka yote ile alikuwa anamkimbia mwanamke mmoja.

"Yuko hai," akasema mama. "Yuko kwa mwanawe, Bustan. Nnajua, nishauliza."

Nikamwambia nitampigia mwalimu, nimwambie asitume kitu, achane, tumalize. Akanyanyua mkono.

"Watu wa Japani watasoma nilimdanganya nani, na yeye mwenyewe hajui? Kwanza yeye. Kesho nipeleke."

Usiku ule sikupata usingizi wa maana, na sidhani mama aliupata. Kesho yake alivaa vizuri, akajifukiza udi, akachukua kibati cha halwa na zile kurasa ndani ya mfuko wa plastiki. Njia nzima kutoka Mabela hadi Bustan alikuwa anasema peke yake kwa Kiarabu, midomo tu inacheza, anapanga maneno. Kiarabu cha mama leo ni kizuri, hakuna atakayemcheka. Lakini niliona anasahihisha, anarudia, kama msichana anayekwenda kusimama mbele ya mwalimu wa chuo. Nilitaka kumwambia kitu cha kumtuliza nikaona afadhali kwa mara moja katika maisha yangu ninyamaze.

Nyumba ya mwanawe yule bibi iko karibu na mlima, ukuta mweupe, mlango wa kijani. Mkwe wake alitufungulia, akatukaribisha majlisi ya wanawake, akaleta kahawa na tende. Kisha bibi akaingia akishikilia mkongojo wa alumini. Mdogo kwa umbo, mkubwa kwa mama kwa miaka kumi hivi, macho yake yana ukungu lakini makali. Tukasimama, tukambusu kichwa. Mama akafungua mdomo, na yale yote aliyoyapanga njiani yakapotea. Akabaki amesimama na mfuko wa plastiki.

Bibi akamtazama. Akanyanyua mkono wake, akagusa midomo yake mwenyewe kwa vidole viwili.

"Ni wewe," akasema kwa Kiarabu. "Mwenye nyumba ya ukuta wangu."

Mama akakaa chini palepale kwenye zulia, karibu na miguu yake, na maneno yakamtoka bila mpango wowote. Alisema hakuwa bubu. Alisema alikuwa anaona haya lugha yake, alisema kombe alilinywa na mkate aliula na saumu aliipokea, vyote kwa uongo, na anaomba msamaha kabla mmoja wao hajatangulia. Akatoa zile kurasa akazipanga kwenye zulia, akaanza kumuonesha, huyu mimi, huyu wewe, huu mkate wako. Bibi aliinama akatazama picha ile moja ambayo mkono wa jirani unapitisha mkate juu ya ukuta, na akatazama muda mrefu.

"Siku ya tatu ya saumu yangu," akasema, "nilikuwa uani nasubiri magharibi. Nikasikia sauti ukutani. Unamgombeza paka. Kaiba samaki, nadhani. Unamgombeza kwa lugha yako, kwa nguvu, mfululizo, bila kupumua."

Mama alikuwa ameziba mdomo.

"Nikasema alhamdulillah, Mungu kapokea. Nikafuturu nikilia kwa furaha. Nikasubiri uje uniambie. Hukuja. Nikasema, ana haya, ataniambia akiwa tayari." Akamshika mama kidevu, mtu wa miaka sabini na kitu, kama mtoto. "Umechelewa kidogo, binti yangu, lakini saumu yangu mimi sikuidai kwa mtu. Mimi nilimuomba Mungu nisikie sauti yako, na nikaisikia siku ile ile."

Nilitoka nje kidogo nikasimama kwenye kivuli cha ukuta, kwa sababu nilikuwa nalia kwa sauti na si adabu kumwaga machozi kwenye kahawa ya watu. Niliporudi walikuwa wanazungumza. Sikuwaelewa nusu, walikuwa wanapishana, mmoja hajamaliza mwingine ameshaingia, juu ya watu wa kisimani, nani kafa, nani kaolewa wapi. Halwa ilikuwa imefunguliwa. Tulikaa mpaka adhuhuri tukasali hapo, tukalishwa, na tulipoaga bibi alimwambia mama aje Jumanne, na mama akasema atakuja.

Kwenye gari tukaipita hoteli ya Bustan. Kisha mama akaniambia nimwambie Mjapani azipeleke kurasa zake kwao, lakini kwanza achore paka. Nilisimamisha gari pembeni nikamwandikia mwalimu palepale, Amekubali, na kuna ukurasa mmoja zaidi, nitakueleza. Akajibu kwa Kiarabu, herufi zake nzuri amezipiga picha kwenye karatasi, kwamba anashukuru na wino uko tayari.

Mzigo uliokuwa kifuani kwangu siku zote zile ulishuka. Lakini lilikuwa limebaki moja, na nikaona nikilinyamazia litanifuata.

"Mama, uliniambia ibaki hapa hapa. Mimi nikaitoa. Nisamehe."

Alikuwa anajifunga mkanda upya, amejifungua sijui saa ngapi.

"Ungenyamaza," akasema, "ningekufa nayo."

Nikawasha gari, tukarudi nyumbani.